Aliyetuvamia na aliyetuficha ni mtu mmoja. Naomba kueleweshwa

#1 Mwana_Mbata
Asalaam alaykum wanajamvi. Naleta suali, si siasa. Anayetaka siasa ana nyuzi zake.

Bibi yangu, mama yake mama, Juni 1961 alikuwa na miaka kumi na moja. Baba yake Mmanga, Mwarabu wa Oman, mwenye duka shamba, hapahapa Unguja, kijiji sikitaji. Duka lenyewe la sukari, mafuta ya taa na kanga mbili tatu, nyuma ghala la mbata, yaani nazi kavu. Siku ya pili baada ya kura wakaja watu na mapanga na marungu. Baba yake aliuliwa pale barazani. Bibi na mama yake walikuwa uani wanapika. Aliyewatokea uani ni jirani, mkwezi wao wa minazi, kijana ambaye kila asubuhi akinywa chai kwao. Panga mkononi. Akawasukuma ndani ya ghala, akawaambia "kimya", akafunga mlango, kisha akapiga ukelele kwa wenzake: "Huku hamna mtu!" Akaondoka nao kwenda nyumba ya pili. Nyumba ya pili hakupona mtu.

Walilala ghalani hadi alfajiri. Bibi mpaka anakufa hakuweza kupakwa mafuta ya nazi kichwani, harufu tu ikimtapisha.

Sasa huyu mtu tumwite nani? Nini kilimfanya aje na panga, na nini kilimfanya afunge ule mlango? Wiki nzima nasoma habari za Rwanda na kila ukurasa naona kama nakutana na yuleyule mkwezi. Wenye elimu ya historia au ya nafsi za watu, nisaidieni.

#2 PwezaMkavu
Natandika mkeka.

#3 Maalim_Mstaafu
Wa alaykum salaam. Mungu amrehemu. Nimesomesha historia skuli miaka thelathini na moja, na zama hizo nilikuwa mtoto wa chuoni, juzuu imo kwapani. Nitachanganya cha kitabuni na cha kuona.

Fujo zilianza siku yenyewe ya kura, 1 Juni 1961, mjini, kwenye vituo. Shamba zilifika baadaye kidogo, na huko ndiko zilikoua. Hesabu rasmi ni watu 68, karibu wote Waarabu, na wengi katika hao ni Wamanga wa vidukani kama babu yako, si mabwana wa mashamba makubwa ya mikarafuu. Mabwana walikuwa mjini na milango yao ya misumari. Waingereza wakaunda tume chini ya Sir Stafford Foster-Sutton kuchunguza.

Lakini ukianzia siku ile umechelewa. Sisi "zama za siasa" tunazihesabu tangu uchaguzi wa 1957. Miaka minne watu waligomeana. Huyu hanunui duka la hizbu, watu wa chama cha ZNP. Yule mwenye shamba anamng'olea mkaazi wake mihogo na kumfukuza kwa kuwa ana kadi ya Afro-Shirazi. Hata maiti walibaguliwa: palitokea mazishi ambayo watu wa chama cha pili hawakwenda kushika jeneza. Hilo nataka mlikamate, maana kwetu unaweza kuteta na mtu miaka ishirini lakini akifa unakwenda. Na magazeti, Mwongozi upande huu, Afrika Kwetu upande ule, kila toleo wanafukuliana utumwa na ugeni na nani mwenye nchi.

Kwa hiyo yule mkwezi alipobeba panga, alikuwa ana miaka minne anaambiwa yeye ni nani na mwenye duka ni nani. Rai yangu, maneno yalikwishaua kabla. Panga lilikuja kumalizia.

#4 Kifungu_cha_Pili
Shukran Maalim. Mimi nina rekebisho kwa mleta uzi, si kwa hadithi ya bibi bali kwa kuchanganya hayo na Rwanda.

"Mauaji ya kimbari" ni neno lenye mipaka yake. Mbari ni ukoo, na neno lenyewe tumelipata ili kutafsiri istilahi aliyoibuni Raphael Lemkin mwaka 1944, Myahudi wa Poland, mwanasheria. Mkataba ukapitishwa Umoja wa Mataifa tarehe 9 Desemba 1948, ukaanza kufanya kazi 12 Januari 1951. Kifungu cha pili kinataka kuwe na nia ya kuliangamiza kundi, lote au sehemu yake, na makundi yanayolindwa ni manne tu: la taifa, la kabila, la rangi, la dini. Makundi ya kisiasa yaliachwa nje. Sasa 1961 watu waliuawa kwa kuwa Waarabu au kwa kuwa hizbu? Jibu hilo ndipo ulipe jina. Mimi nasema tuseme mauaji ya halaiki tu.

#5 Yakhe_Darajani
12 Januari! Yakhe, Umoja wa Mataifa walikosa tarehe nyingine?

Huyu Kifungu ukimkaribisha ubwabwa atakuuliza umepikwa chini ya kifungu gani.

#6 Msimamizi
Uzi mzuri, usiharibiwe. Hakuna kutaja babu wa mtu kwa jina, hakuna chama cha leo. Atakayevunja anapumzishwa wiki.

#7 Dada_Nafsi
Nasoma saikolojia mwaka wa tatu, kwa hiyo mnisamehe nikitema vya darasani.

Mwaka huohuo wa bibi yako, Agosti 1961, huko Marekani kwenye chuo cha Yale, Stanley Milgram alianza majaribio yake. Anamleta mtu wa kawaida, fundi, karani, anamwambia tunachunguza mambo ya kujifunza. Mwanafunzi yuko chumba cha pili amefungwa waya. Akikosea jibu, mpige shoti, na kila kosa ongeza. Shoti zilikuwa za uongo na mwanafunzi ni mwigizaji, ila yule anayebonyeza hajui. Mtu wa chumba cha pili anapiga kelele, anasema moyo unamuuma, mwishowe ananyamaza kabisa. Na msimamizi kwenye koti lake anasema tu "endelea tafadhali". Katika watu 40, 26 walifika mwisho, volti 450.

Hawakuwa wakatili. Walikuwa wakitoka jasho, wengine wakicheka kicheko cha kutetemeka. Walibonyeza tu.

Kwa hiyo mkwezi si lazima awe na chuki. Mtu akitiwa ndani ya utaratibu ambao mwingine ndiye anayebeba dhamana, mkono unafanya kazi peke yake.

#8 Karafuu_Kavu
Dada Nafsi, umeeleza vizuri, ila koti la yule mkwezi alilivaa nani? Yuko shamba, mwezi wa sita, hakuna profesa wala bwana shauri. Nani aliyemwambia "endelea tafadhali"?

#9 Dada_Nafsi
@Karafuu_Kavu swali zuri (au suali, nisije nikachapwa na Maalim). Milgram alijaribu kwa namna nyingi. Alipoweka watu wawili wa uongo wakae pamoja na yule mbonyezaji na wote wawili wakagoma, waliofika mwisho walikuwa 4 tu kati ya 40. Kwa hiyo koti si lazima. Wenzako walio pembeni yako ndio koti.

Na mfano usio wa maabara upo. 13 Julai 1942, kijiji cha Józefów, Poland. Kikosi cha polisi wa akiba namba 101, kama watu 500, wengi makamo, baba za watu kutoka Hamburg. Meja wao, Wilhelm Trapp, akawatangazia kwamba leo watawapiga risasi Wayahudi wa kijiji, wanawake na watoto, na mtu mzima asiyejiweza kwa kazi hii ajitoe mbele. Inasemekana alikuwa analia. Waliojitoa pale pale ni kama kumi na mbili. Waliouawa siku ile ni kama 1,500. Waliojitoa hawakupigwa wala kufungwa! Mwanahistoria Christopher Browning alisoma maelezo yao ya miaka ya sitini mbele ya waendesha mashtaka, na kinachojirudia ni kuogopa kuonekana mwoga, na kuona aibu kumwachia mwenzako kazi chafu.

#10 Karafuu_Kavu
Hapo umenigusa. Mwenzetu Mswahili kwa aibu anaweza kufa, seuze kuua.

Lakini msomi mwingine, Goldhagen, alimpinga Browning, akasema hao walikuwa Wajerumani waliolelewa kuwachukia Wayahudi, msitupigie hadithi ya aibu. Tukirudi kwa Maalim #3, ni yaleyale: maneno kwanza.

#11 Lori_la_Ngara
Habari za jioni. Mimi ni wa bara, nimeoa Fumba, ndiyo maana niko humu. Nilikuwa utingo wa lori la vyakula vya msaada, Ngara, 1994. Naomba nisimulie nilichokiona, tafsiri mtatoa wenyewe.

Tarehe 28 Aprili daraja la Rusumo, mpakani na Rwanda, lilifunguka. Ndani ya siku moja hivi waliingia wakimbizi kama 250,000. Mtu hawezi kulielewa hilo bila kuona. Barabara nzima ni vichwa na magodoro, hakuna kelele. Tulitegemea kuona fujo, tukaona mpangilio. Walikaa kambi ya Benaco kwa wilaya zao na kwa vijiji vyao, wakiwa na viongozi wao walewale, na ndio waliosimamia mgao. Ilichukua muda kuelewa kwamba wengi wa waliokuwa wanatusaidia kupanga foleni ya mahindi ndio waliopanga ya kule. Na mto Kagera ulikuwa unapitisha maiti kila siku kuelekea Ziwa Victoria.

Kijana mmoja aliyejua Kiswahili cha Nyamirambo nilizoeana naye, tulikuwa tunavuta sigara pamoja. Kule kuua walikuwa wanakuita kazi. Asubuhi mnakusanyika, mnakwenda kazi, jioni mnarudi, mnagawana mabati. Nikamuuliza ulikwenda? Akasema, "Asiyekwenda anatozwa faini." Nikadhani anatania.

Kwa hiyo ndugu Kifungu yuko sahihi kwamba si mambo ya kufananisha ovyo. Kule kulikuwa na orodha, vizuizi barabarani, na vitambulisho vyenye kabila ambavyo Wabelgiji waliviingiza miaka ya 1930. Mtu anaonyesha karatasi, karatasi inamwua.

#12 BintiWete
Nimesoma #11 mara tatu. Faini.

#13 Ngalawa
Mnazunguka tu, jibu ni redio. RTLM ya Rwanda ilianza kutangaza Julai 1993, miezi tisa kabla ya mauaji. Muziki mzuri, mizaha, halafu Watutsi wanaitwa "mende, mende, mende". Nahimana, mmoja wa waanzilishi wake, na wenzake walihukumiwa kwenye mahakama ya Arusha Desemba 2003 kwa maneno, hawakushika panga. Na sisi tunaijua redio: Januari 1964, wakati wa mapinduzi, John Okello alipokaa kwenye kipaza sauti na vitisho vyake vya kuchoma watu na kuwakata vipande, watu hawakumuona uso, walimsikia tu, na nchi nzima ikajifungia ndani.

#14 Maalim_Mstaafu
Hilo la Okello nalikumbuka kwa masikio. Baba alifunika redio kwa blanketi, na sauti ikawa inatoka vilevile. Lugha yenyewe ya bara, ngumu, na ana cheo cha "Fildi Mashali" alichojipa. Waliokufa siku zile hesabu yake haijakubaliwa mpaka leo, wanaotaja mia chache wapo na wanaotaja elfu ishirini wapo, na kila mwenye hesabu ana lake. Tusiingie.

#15 Dada_Nafsi
@Ngalawa polepole. Mtafiti Scott Straus aliwahoji wauaji 210 waliokuwa magerezani Rwanda, na wengi hawakutaja redio kuwa ndiyo iliyowatoa nyumbani. Walitaja vita, hofu baada ya rais kuuawa, na kwamba kundi lilipita mlangoni likawaita. Baadaye mchumi Yanagizawa-Drott akachukua ramani ya milima na mawimbi ya RTLM, akalinganisha vijiji vilivyoipata na visivyoipata, akakadiria kwamba redio ilichangia kama asilimia 10 ya ushiriki wote. Ni wengi sana hao, makumi ya maelfu. Lakini asilimia 90 inatafuta sababu nyingine.

#16 Ngalawa
Anayesikia redio akamwambia asiye na redio, huyo umemtia kwenye asilimia ngapi?

#17 Yakhe_Darajani
😂 Dada Nafsi kakamatwa. Kaangalie maelezo ya chini ya jedwali.

#18 Mchonga_Mlango
Mie nna shaka na hili la mende. Nimelisikia mahali pote: kwanza unamvua mtu utu, ukishamwita mdudu unamuua kwa urahisi. Hata Dada Nafsi najua ana jaribio lake la hilo.

Sasa mende unamfanyaje? Unampiga kandambili, umemaliza. Humtukani. Humwambii "leo utanijua mimi nani". Humlazimishi aseme kitu, humvui nguo mbele ya watoto wake. Mambo waliyofanyiwa watu Rwanda, na hapa kwetu wazee wa kiheshima kushikwa ndevu, ni mambo anayofanyiwa mtu, tena mtu ambaye jana alikuwa juu yako. Ukimdhalilisha unakiri kwamba ana hadhi. Mkwezi alijua vizuri kwamba mwenye duka ni mtu, na hilo ndilo lililokuwa linamuuma.

#19 Dada_Nafsi
Lipo ndiyo 😅 Bandura, 1975. Wanafunzi walipowasikia wenzao wakiitwa "wanyama" waliwapiga shoti kubwa zaidi. Ila hoja yako wapo wanazuoni wanaoisema, nami sina jibu la kuiangusha. Nitamuuliza mwalimu Jumatatu.

#20 Mngoni_Asilia
Samahani wakuu, naingia bila hodi. Kila ikitajwa kimbari mnakimbilia Rwanda na Hitler. Ujerumani ilianza mazoezi kwetu Afrika. Jenerali von Trotha alitoa amri ya kuwaangamiza Waherero huko Namibia tarehe 2 Oktoba 1904. Mwaka uliofuata Maji Maji, na makadirio ya waliokufa yanafika 300,000, wengi kwa njaa, maana mashamba na maghala yalichomwa makusudi. Songea machifu na wapiganaji wetu walinyongwa tarehe 27 Februari 1906. Rais Steinmeier alikuja kuomba radhi Songea Novemba 2023, na fuvu la Songea Mbano bado halijulikani liko wapi.

Sasa swali langu kwa wanasaikolojia: waliochoma mahindi ya Wangoni wengi wao walikuwa askari weusi. Wasudani, Wamanyema, Wanyamwezi. Hao nao ni kabila gani la chuki? Walikuwa na mshahara, na kofia.

#21 Karafuu_Kavu
Mshahara na kofia. Tuongeze kwenye orodha.

Mie nije na yangu: ardhi. Unguja mkaazi alilima mihogo chini ya mikarafuu ya mtu kwa ruhusa ya mdomo tu, bila hati. Siku mwenye shamba anakasirika, mihogo yako inang'olewa na huna pa kushitaki. Maalim kalitaja akapita haraka. Rwanda nayo, watu zaidi ya milioni saba kwenye vilima vile, kijana hana shamba hawezi kuoa, na aliyeuawa shamba lake lipo. Ukitafuta chuki, tafuta kwanza nani anakula cha nani.

#22 BintiWete
Karafuu, jina lako na hoja yako vinagombana. Karafuu nyingi zaidi ziko wapi? Pemba. Na Juni 1961 Pemba palitulia ukilinganisha na Unguja. Kwetu mtu mwenyewe ana mikarafuu yake mitano kumi, na Mwarabu wa Pemba ni shemegi yako au mjomba wako. Hebu nieleze.

#23 Karafuu_Kavu
Si ndiyo nilivyosema! Aliyekuwa na mti wake hakuwa na sababu.

#24 BintiWete
Umegeuza jibu kama chapati. Sawa.

Lakini nami nna yangu, na si ya jirani. Januari 2001 nilikuwa na miaka minane. Tarehe 27, Jumaamosi, maandamano ya baada ya uchaguzi. Human Rights Watch waliandika kwamba waliouawa Unguja na Pemba ni wasiopungua 35 na waliojeruhiwa zaidi ya 600. Watu zaidi ya 2,000 walivuka kwenda Shimoni, Kenya, kwa mashua na ngalawa. Kaka yangu alikuwa mmoja wao, alikaa huko miezi, akarudi kakonda anazungumza kidigo.

Nilichotaka kusema: waliopiga hawakuwa watu tunaowajua. Walishuka kwenye gari. Jirani yetu wa chama cha pili, ambaye kwenye kampeni alikuwa hatuitikii salamu, siku ile aliwavuta watoto wote wa mtaa ndani kwake, akatufunika kwa majamvi. Miaka minne ya kugomeana kama anavyosema Maalim ilikuwepo kwetu pia. Ugomvi wa visima, wa maduka, misikiti mbalimbali, vyote tulivipitia. Na jirani hakutoka na panga. Kwa hiyo Maalim, kama maneno ndiyo yanayoua, yetu yalishindwa nini?

#25 Maalim_Mstaafu
Mwanangu, sina jibu. Labda kwa kuwa safari hii serikali ilikuwa na nguvu za kutosha na haikuhitaji jirani. Labda kwa kuwa 1964 watu walikuwa wameshaiona. Nafikiri kwa kuandika.

#26 Ngalawa
Au kwa sababu Pemba nyote ni ndugu, hamna wa kumuua.

#27 Sheha_wa_Kufikirika
Qabil na Habil walikuwa ndugu wa tumbo moja. Hakukuwa na redio, hakukuwa na Mwingereza, hakukuwa na kitambulisho. Ardhi yote ya dunia yao wawili. Nendeni na maabara zenu.

#28 Yakhe_Darajani
Na mkaazi wa shamba hakuwepo pia. Karafuu_Kavu, funga duka.

#29 Kusi
Kuna jaribio la mtu anaitwa Henri Tajfel, Bristol. Aliwagawa wavulana wa skuli kwa jambo la kipuuzi, sijui picha ya mchoraji gani wanaipenda, na papohapo wakaanza kupendelea wa kundi lao wakati wa kugawa pesa, hata kundi lenyewe halijafikisha saa moja. Kwa hiyo binadamu hata kwa Simba na Yanga anatosha.

Nikawaza Makunduchi. Mwaka Kogwa, watu wa kusini na wa kaskazini wanachapana makuti ya migomba, hasira za mwaka mzima zinatoka, jioni wanakula pamoja. Wazee walijua saikolojia kabla ya Yale.

#30 Mchonga_Mlango
Makunduchi kwetu. Kwanza si makuti, ni magomba, mtu huchapwa kwa gomba la mgomba. Pili, Mwaka unakogwa tangu enzi na enzi, na Juni 1961 ikatokea vilevile. Mimi nilichapwa mwaka juzi na shemegi yangu na sikuona hasira yoyote ikitoka, nilizidisha.

#31 Lori_la_Ngara
Narudi kwenye swali la mleta uzi maana naona tumefika Makunduchi.

Kuna mtafiti, marehemu sasa, Lee Ann Fujii, alikaa na watu wa vijijini Rwanda akawauliza kwa makini nani alifanya nini na alikuwa na nani wakati huo. Alichokikuta ni mkwezi wa bibi yako. Watu walewale waliokwenda kuua na kundi, wakiwa peke yao walimficha mtu, walimwonyesha njia, walimwambia usipite huku. Wakirudi kwenye kundi wanarudi kuwa kundi. Hakuwaona kama wema na wabaya wawili. Aliangalia mtu yuko na nani kwa saa ile.

Uani kwa bibi yako mkwezi alikuwa peke yake. Barazani hakuwa peke yake. Ndivyo ninavyoona mimi.

Na Nyamirambo yuleyule wa kijana wangu wa sigara, mtaa wa Waislamu wa Kigali, unasifika kwamba wengi walificha watu na kukataa kushiriki. Kuna pia yule bi mkubwa Zura Karuhimbi, mganga, alijaza watu kwenye kibanda chake, wauaji wakija anawatisha kwa mizimu na kujipaka majani yanayowasha ili akiwagusa wawashwe. Wenye mapanga wakarudi nyuma. Mnaosema walikuwa hawaogopi kitu, waliogopa upupu.

#32 Yakhe_Darajani
Allah amrehemu huyo bi mkubwa. Upupu ungelikuwepo Józefów.

#33 Mwana_Mbata
Nimewasoma nyote, ahsanteni. #31 nililala nayo. Jana nikampigia mama mdogo, ndiye aliyekaa sana na bibi mwishoni.

Kanieleza jambo ambalo sikuwa nalijua. Duka halikuporwa sana. Sukari ilibaki, mafuta yalibaki. Kilichochukuliwa ni daftari la madeni. Na mkwezi alikuwemo kwenye daftari, alichukua pesa ya mahari kwa baba yake bibi na hajamaliza kulipa. Mama mdogo anasema bibi aliamini kwamba yeye ndiye aliyewaongoza wenzake mpaka pale, maana kijijini watu walitoka mbali na hawakuwa wakijua kwamba duka lile lina mlango wa uani.

Sasa nimerudi nyuma kuliko nilipoanza.

#34 Karafuu_Kavu
Nani anakula cha nani. Nilisema.

#35 Mchonga_Mlango
Karafuu, mwenye deni aliyetaka deni life angewaacha wafe mashahidi. Mama mtu alikuwa anajua deni lile. Kawafungia mlango.

#36 Dada_Nafsi
Inawezekana alikuja kwa ajili ya daftari na hakutegemea kwamba watu watauawa. Makundi hupanda ngazi moja moja. Milgram hakuanza na volti 450, alianza na 15.

#37 Kifungu_cha_Pili
Kisheria huyo ni mshiriki. Kuwafungia ghalani kunapunguza adhabu, hakufuti kosa. Nasema tu.

#38 Maalim_Mstaafu
Mwana_Mbata, huyo mtu baadaye ilikuwaje? Aliendelea kukaa kijiji kile?

#39 Mwana_Mbata
Aliendelea. Bibi na mama yake walihamia mjini kwa ndugu, Malindi. Mama yake bibi alifariki 1983. Mjomba alikuwa kijana, anakumbuka kwamba alikuja mzee mmoja kutoka shamba kwa gari la ng'ombe mpaka njia kuu, kisha kwa basi. Hakuingia ndani, alikaa kwenye baraza ya jirani mpaka maiti ilipotoka. Bibi alimuona dirishani akasema tu, "Mpeni maji yule."

#40 Maalim_Mstaafu
Jeneza alishika?

#41 Mwana_Mbata
Nimemuuliza mjomba hivi sasa. Anasema alishika, nyuma, upande wa kushoto, na mtu aliyekuwa pale alimpisha. Mpaka makaburini hakubadilishana na mtu.

#42 PwezaMkavu
Nilipitiwa na usingizi kwenye mkeka wangu. Maji aliyanywa?

#43 Mwana_Mbata
Mjomba hakumbuki.